Hanna Schygulla na Sanaa ya Kunyamaza

Mtunzi wa mchezo akifa huacha karatasi, na karatasi hiyo huweza kusomwa na wajukuu wa wajukuu zake. Mwigizaji wa jukwaani zamani hakuacha kitu. Alipoteremka jukwaani sauti yake iliteremka naye, na waliokuja baadaye walisimuliwa tu kwamba alikuwa hodari, kama watu wasimuliwavyo utamu wa karamu waliyoikosa. Sinema ndiyo iliyobadili jambo hili. Sasa yawezekana kuuweka uso wa mwigizaji alipokuwa na umri wa miaka 25 kando ya uso wake uleule akiwa amekaribia miaka 80, na nyuso hizo mbili zikapimwa kwa kipimo kimoja. Si wengi waliofanya kazi muda mrefu hata kipimo hicho kikawa na maana. Mmoja wao ni Hanna Schygulla wa Ujerumani, ambaye alionekana katika picha kwa mara ya kwanza mwaka 1968, na mwaka 2023 alikuwa angali akionekana. Hiyo ni miaka 55 ya kazi, katika sinema na katika televisheni, chini ya waongozaji wa mataifa mbalimbali.

Waliomwandikia habari zake, aghalabu, wamemweka katika kivuli cha mtu mmoja, naye ni mwongozaji Rainer Werner Fassbinder, aliyezaliwa mwaka 1945 akafa tarehe 10 Juni, 1982. Katika muda usiozidi miaka kumi na mitatu Fassbinder alitengeneza picha zipatazo arobaini, ndefu na fupi, za sinema na za televisheni. Na Schygulla alikuwamo katika karibu nusu ya hizo. Kwa hiyo imekuwa desturi kusema kwamba yeye alikuwa udongo, na Fassbinder mfinyanzi. Makala haya yanataka kuuliza kama usemi huo ni wa haki. Swali hili si dogo kwa mwanafunzi wa fasihi. Sisi tumezoea kuuhakiki mchezo kwa maneno yaliyoandikwa, na yule ayatamkaye tukamwona kama mfereji upitishao maji yasiyo yake. Ikiwa Schygulla alikuwa udongo tu, basi mazoea yetu ni sawa. Ikiwa alikuwa na kitu chake mwenyewe, yatupasa tujifunze kukisoma kitu hicho, kwani hakimo katika karatasi.

Habari za maisha yake zatosha kwa maneno machache. Alizaliwa tarehe 25 Desemba, 1943, katika mji wa Königshütte wa Silesia ya Juu, ambao leo huitwa Chorzów nao umo katika nchi ya Poland. Vita vilipokwisha mwaka 1945 mama yake alifika naye München wakiwa wakimbizi. Baba yake alikuwa mateka wa vita, wala hakurudi nyumbani mpaka mwaka 1948. Hivyo mtoto alijua mama kabla ya kujua baba, na alijua kuhama kabla ya kujua kukaa. Alisoma Kijerumani na lugha zenye asili ya Kilatini katika Chuo Kikuu cha München, na pamoja na masomo hayo alikwenda katika shule ndogo ya uigizaji. Huko ndiko alikokutana na Fassbinder. Mwaka 1967 alichukua sehemu ya Antigone katika kikundi kidogo kilichoitwa Action-Theater, na mwaka uliofuata alikuwa miongoni mwa wale walioanzisha antiteater pamoja na Fassbinder. Mwaka huohuo wa 1968 alionekana katika picha fupi ya Jean-Marie Straub, iitwayo Der Bräutigam, die Komödiantin und der Zuhälter. Yafaa ikumbukwe, basi, kwamba picha yake ya kwanza si ya Fassbinder.

Mwaka 1969 Fassbinder alitoa picha zake mbili ndefu za kwanza, Liebe ist kälter als der Tod na Katzelmacher. Ile ya kwanza ilizomewa katika maonyesho ya Berlin. Ya pili ndiyo iliyowafanya watu wakae kitako watazame. Katzelmacher ni neno la dharau ambalo watu wa kusini ya Ujerumani huwaitia wageni watokao nchi za kusini zaidi. Katika uwanja mmoja mkavu wa nyumba za kupangisha vijana kadhaa huegemea chuma cha kizuizi, huvuta sigara, hukopeshana fedha, na husengenyana. Hawana kazi ya maana wala tumaini la maana. Akaja mfanya kazi mmoja Mgiriki, asiyejua Kijerumani ila maneno machache, na chuki iliyokuwa imelala ikapata mahali pa kuangukia. Mgiriki huyo alichezwa na Fassbinder mwenyewe. Schygulla alikuwa Marie, msichana anayempenda mgeni, naye hutumaini kuchukuliwa kwenda Ugiriki siku za joto zikifika, hata kama mgeni ana mke kwao.

Mwigizaji wa kawaida angeichukua sehemu hii akaijaza machozi. Schygulla hakufanya hivyo. Marie wake husema maneno yake polepole, kwa sauti isiyopanda wala kushuka, kama mtu asomaye bei za vitu dukani. Kisha hunyamaza akatazama mahali pasipo na kitu. Wenzake wote katika picha hiyo nao huzungumza kwa namna hiyo ya ukavu, kwa kuwa ndiyo namna aliyoitaka mwongozaji. Lakini tukiwalinganisha twaona tofauti. Kimya cha wengine ni kimya cha watu wasio na la kusema. Kimya cha Marie ni cha mtu aliye nalo, akaliweka. Wahenga wetu walisema kwamba kimya kingi kina mshindo mkubwa. Mshindo huo ndio unaosikika kwa Marie, na hausikiki kwa wale waliomzunguka, ijapokuwa mwandishi aliwapa wote maneno ya aina moja. Hapo, katika picha yake ya mwanzo-mwanzo, pana ushahidi wa kwanza kwamba udongo huu ulikuwa na umbo lake kabla haujashikwa.

Ushahidi wa pili umo katika Die bitteren Tränen der Petra von Kant ya mwaka 1972. Picha hii yote hutokea katika chumba kimoja cha Petra, mbuni wa mavazi, aliyechezwa na Margit Carstensen. Petra ni mwingi wa maneno: hueleza mapenzi yake, huyapima, huyalilia, huyalaani. Karin, msichana anayependwa, alichezwa na Schygulla. Karin hula, hulala, husoma gazeti, hujibu kwa neno moja. Kwa kuutazama mchezo katika karatasi mtu angesema Karin ni mjinga na mkatili. Katika uso wa Schygulla Karin ni jambo gumu zaidi: ni mtu ambaye mwenzake amemvisha ndoto, naye hana haja ya kuivua wala nguvu ya kuivaa. Hatumchukii, wala hatumwonei huruma. Twamtazama tu, kama Petra amtazamavyo, na kama Petra hatufiki ndani yake. Twaelewa mateso ya Petra kwa sababu na sisi tumefungiwa mlango uleule.

Mtu aweza kusema kwamba mwigizaji huyu alijua jambo moja tu, yaani kunyamaza na kutazama. Anayesema hivyo hajatazama kazi yake ya televisheni. Katika miaka ya 1972 na 1973 shirika la utangazaji la WDR lilionyesha sehemu tano za Acht Stunden sind kein Tag, maana yake saa nane si siku nzima. Ni habari ya jamii ya wafanya kazi katika mji wa Köln: fundi wa kiwandani, bibi yake mcheshi, wazazi, wenzake wa kazini, na Marion, msichana wa ofisi ya matangazo ya gazeti, ambaye fundi huyo ampenda. Marion alikuwa Schygulla. Hapa anazungumza upesi, anacheka, anauliza maswali ambayo wanaume hawajayauliza: kwa nini faida ya kazi isiwarudie waifanyao? Kwa nini mfanya kazi asiseme neno? Uchangamfu huo haukupatikana katika picha zake za awali. Zilikusudiwa sehemu nyingine baada ya tano hizo, lakini mradi ukakatishwa. Na watu walipoziona upya katika maonyesho ya Berlin ya mwaka 2017, baada ya kutengenezwa upya, wengi walistaajabu kuona jinsi zilivyokuwa na furaha. Kwa hoja yetu zatosha kuonyesha kwamba kunyamaza kwa Schygulla kulikuwa kuchagua. Aliyeweza kusema akanyamaza si sawa na asiyeweza kusema.

Sasa twafika mahali ambapo udongo na mfinyanzi waligombana. Mwaka 1974 ilitolewa Fontane Effi Briest, kutoka riwaya mashuhuri ya Theodor Fontane. Effi ni msichana wa umri wa miaka 17 anayeozwa kwa afisa wa serikali aliyemzidi sana umri, von Innstetten. Katika mji mdogo wa pwani, akiwa mpweke na mwenye kuogopa mizimu ya nyumba, huingia katika mapenzi ya siri na Meja Crampas. Mambo hayo yalikwisha kupita zaidi ya miaka sita Innstetten alipozikuta barua. Akamwua Crampas kwa kupigana naye kwa bastola, kwa sababu desturi yataka hivyo, akamwacha mkewe na kumnyima mtoto. Fassbinder aliitengeneza picha hii katika rangi nyeusi na nyeupe, akaijaza usomaji wa maneno ya kitabu, vioo, mapazia na miisho myeupe kama karatasi. Na akaipa jina refu la pili linalosema habari za watu wengi wajuao uwezo wao na haja zao, ambao hata hivyo hukubali utaratibu unaotawala, na kwa kuukubali huuimarisha.

Mwongozaji na mwigizaji walihitilafiana juu ya Effi. Schygulla hakuridhika na Effi aliyewekwa mbali namna ile, kana kwamba ni ua lililokaushwa katikati ya kurasa. Baada ya picha hiyo walitengana, wala hawakufanya kazi pamoja tena kwa miaka kadhaa. Ni nani aliyekuwa na haki? Mimi naona kwamba picha yenyewe yajibu. Kwa muda mrefu Effi hutii: hutii wazazi, hutii mume, hutii hata sauti ya msomaji. Kisha huja siku mtoto wake Annie anapoletwa kumwona, naye kila anachoulizwa hujibu kwa maneno ya adabu aliyofunzwa, kama kasuku. Mtoto akiisha kwenda, Effi hupasuka. Hasira ile haikuandaliwa na lolote lililotangulia, na kwa hiyo yatisha. Kama Schygulla angeruhusiwa kuwa na joto tangu mwanzo, mpasuko ule ungepungua nguvu. Lakini kama hangekuwa amelichukia lile baridi, mpasuko usingekuwapo kabisa. Kwa hiyo ugomvi wao si aibu ya picha hiyo. Ndio uhai wake. Mfinyanzi hapambani na udongo usiokataa.

Katika mwaka 1975 Schygulla alicheza katika Falsche Bewegung ya Wim Wenders, ambayo Peter Handke aliiandika kwa kufuata kwa mbali riwaya ya Goethe juu ya Wilhelm Meister. Halafu, mwaka 1978, alirudi kwa Fassbinder kutengeneza picha ambayo jina lake halitengani nayo, Die Ehe der Maria Braun. Picha hiyo ilionyeshwa Berlin mwaka 1979, na Schygulla akapewa tuzo ya Dubu wa Fedha kwa kuwa mwigizaji bora wa kike.

Maria anaolewa mwaka 1943 huku mabomu yakianguka. Hati ya ndoa yatiwa sahihi watu wamelala chini katika vifusi. Akiisha kukaa na mumewe Hermann usiku mmoja na sehemu ya mchana, Hermann arudi vitani. Vita vikwisha, Maria aenda kituo cha gari-moshi kila mara amebeba bango lenye jina la mumewe. Apewa habari kwamba amekufa. Katika baa ya askari wa Kimarekani ajuana na Bill, askari mweusi, mtu mpole, ambaye amfundisha Kiingereza. Siku moja Hermann, ambaye kumbe hakufa, asimama mlangoni. Maria ampiga Bill chupa ya kichwa, naye Bill afa. Hermann ajitwika kosa na kwenda gerezani. Maria asema atajenga maisha kwa ajili yao wawili. Aajiriwa na Oswald, mwenye kiwanda, awa kipenzi chake, atajirika. Hermann aachiwapo aenda ng'ambo. Arudipo hatimaye, siku ya fainali ya Kombe la Dunia ya mwaka 1954, ambapo Ujerumani iliifunga Hungaria mabao 3 kwa 2, wasia wa Oswald wasomwa na Maria ajua kwamba wanaume hao wawili walikwisha kufanya mapatano juu yake bila yeye kujua. Maria awasha sigara yake jikoni, ambako gesi imeachwa wazi, na nyumba yalipuka huku mtangazaji wa redio akipiga kelele za ushindi.

Wahakiki wengi wameisoma picha hii kama fumbo la nchi: Maria ndiye Ujerumani Magharibi, aliyejenga utajiri upesi juu ya kaburi lisilotazamwa. Usomaji huo ni wa kweli, na mwongozaji mwenyewe ameuelekeza, kwani picha yaanza kwa sura ya Hitler na kwisha kwa sura za wakuu wa serikali waliokuja baada ya vita. Lakini fumbo pekee halitoshi kumfanya mtu atazame kwa saa mbili. Fumbo hukaa hai kwa sababu Schygulla hakucheza fumbo, alicheza mwanamke. Tazama mahali pale mahakamani, Maria aulizwapo juu ya Bill na Hermann. Ajibu kwa Kijerumani, akitenga kumpenda mtu kwa wema na kumpenda mume. Jaji wa Kimarekani, ajuaye maneno kupitia kwa mkalimani, haelewi tofauti. Maria hapandishi sauti. Akaa kimya kana kwamba amekwisha kusema yote, na kama mtu hakuelewa, hasara ni yake. Katika kimya hicho pana kiburi, pana huzuni, na pana jambo la tatu ambalo hatulijui jina.

Na mwisho wake? Je, Maria alijiua, au alisahau gesi? Karatasi ingeweza kuamua, na picha ingeweza kuamua. Schygulla ndiye aliyeliacha swali wazi, kwa kutembea katika nyumba ile kama mtu aliyechoka ambaye bado ana mengi ya kufanya. Hakuna jicho lililotolewa, wala mkono uliotetemeka ili kutuarifu. Hata leo wanafunzi wakibishana juu ya mwisho huo, wanabishana juu ya uso wake.

Kazi nyingine za pamoja zilifuata, na hapa yatupasa kupima kwa haki, kwa kuwa mgema akisifiwa mno tembo hulitia maji. Mwaka 1980 televisheni ya Ujerumani ilionyesha Berlin Alexanderplatz, kutoka riwaya ya Alfred Döblin ya mwaka 1929, katika sehemu kumi na tatu na hitimisho. Schygulla alikuwa Eva, rafiki wa zamani wa Franz Biberkopf. Sehemu si kubwa, na wanaoibeba kazi ile ni Günter Lamprecht na Barbara Sukowa. Lakini kila Eva aingiapo, mtazamaji hupata pumzi. Mwaka 1981 ukaja Lili Marleen, habari ya mwimbaji anayepata umaarufu katika utawala wa Hitler kwa wimbo mmoja, huku akimpenda Myahudi. Hapa mimi sioni kufaulu kule. Nguo zang'aa, taa zang'aa, na uso wa Schygulla wang'aa nao. Kile kimya chenye siri kimekuwa pambo, mithili ya kito kilichowekwa juu ya kitambaa. Pengine mwongozaji alitaka kuonyesha uwongo wa umaarufu. Lakini picha ikiuonyesha uwongo kwa kuupenda mno, mtazamaji haoni tena upande uliokusudiwa.

Fassbinder alikufa mwaka uliofuata, akiwa na umri wa miaka 37. Kama usemi wa udongo na mfinyanzi ungekuwa kweli, kazi ya Schygulla ingeishia hapo au ingedidimia. Haikuwa hivyo mara moja. Alikuwa amekwisha kwenda Beirut katika Die Fälschung ya Volker Schlöndorff. Mwaka 1982 alikuwa katika La Nuit de Varennes ya Ettore Scola na Passion ya Jean-Luc Godard. Na mwaka 1983 alipewa tuzo ya mwigizaji bora wa kike huko Cannes kwa Storia di Piera ya Marco Ferreri, ambapo alicheza mama asiyekubali kufungwa na umama. Hata hivyo miaka iliyofuata ilikuwa na mchanganyiko. Televisheni ya Marekani ilimfanya malkia Catherine katika Peter the Great ya mwaka 1986. Mwaka huohuo alikuwa katika The Delta Force, picha ya bunduki na ndege iliyotekwa. Hata humo yumo kwa dakika chache za maana, anapokuwa mtumishi wa ndege anayeamriwa kuyasoma majina ya abiria Wayahudi, naye akakataa kwa sababu yeye ni Mjerumani. Lakini baada ya hapo picha hurudi katika milipuko yake, na uso ule hauna kazi tena.

Jambo tunalojifunza katika miaka hiyo ni kwamba sanaa ya kunyamaza yahitaji nafasi. Mchezo unaoeleza kila kitu hauna mahali pa kumweka mtu anayeacha jambo bila kuelezwa. Kwa hiyo Schygulla hakuwa udongo. Lakini wala hakuwa chemchemi ijitoshelezayo. Alikuwa kama mwimbaji anayehitaji ngoma ijuayo kungoja. Katika miaka ya 1990 alijishughulisha zaidi na nyimbo jukwaani, na sinema ilimwona kwa nadra. Mwaka 2000 Béla Tarr wa Hungaria, ambaye picha zake zajua kungoja kuliko picha nyingi duniani, alimchukua katika Werckmeister harmóniák.

Ngoma iliyomfaa kabisa ilipigwa mwaka 2007 na Fatih Akin, Mjerumani aliyezaliwa Hamburg na wazazi Waturuki, katika Auf der anderen Seite. Schygulla ni Susanne, mama wa mji wa Bremen. Binti yake Lotte ampenda Ayten, kijana wa kike Mturuki aliyeikimbia polisi ya nchi yake, na amleta nyumbani. Jikoni Susanne atoa kokwa za matunda huku akibishana na mgeni juu ya siasa. Maneno yake ni ya adabu na yenye akili, na kila moja lafunga mlango. Hapa yatupasa tumkumbuke Marie wa Katzelmacher. Mwaka 1969 Schygulla alikuwa msichana aliyempenda mgeni, na jirani wakamchukia. Mwaka 2007 amekuwa mama ambaye binti yake ampenda mgeni, naye mama hataki. Miaka 38 ya historia ya Ujerumani, na wageni wake, na watoto wa wageni wake, imo katika uso huo mmoja. Hakuna mwongozaji awezaye kukibuni kitu hicho. Kimeletwa na mwigizaji mwenyewe, ndani ya mwili wake.

Lotte amfuata Ayten aliyerudishwa kwao, na huko Istanbul apigwa risasi na mtoto wa mtaani. Susanne asafiri kwenda huko. Akin ameiweka kamera juu, pembeni mwa dari ya chumba cha hoteli, na chini yake twamwona mama peke yake: asimama, aanguka, alia, akunjamana kitandani, na saa zapita. Mwigizaji aliyejulikana kwa kujizuia hapa ameacha kujizuia. Lakini kamera iko mbali hata uso hauonekani vizuri. Alipokuwa kijana uso ulikuwa karibu na huzuni ilifichwa. Sasa huzuni imefunguliwa na uso umefichwa. Heshima ni ileile.

Kisha huja asubuhi ya Idi ya kuchinja. Susanne asimama dirishani na Nejat, mwalimu Mjerumani mwenye asili ya Kituruki ambaye Lotte alipanga chumba kwake. Wanaume wapita wakienda msikitini. Auliza ni sikukuu gani, naye Nejat amwambia habari ya Ibrahimu na mwanawe. Susanne asema kwamba nao wana habari hiyohiyo. Nejat akumbuka jinsi utotoni alivyoiogopa habari hiyo, akamwuliza baba yake kama naye angemtoa. Baba akajibu kwamba angekubali kumfanya Mungu kuwa adui ili kumlinda mwanawe. Susanne auliza kama baba huyo yungali hai. Hilo ni swali tu, la maneno machache, nalo lamwondosha Nejat kwenda kumtafuta baba aliyekosana naye. Schygulla alisema bila uzito wowote, kama mtu aulizaye saa. Yeye aliyempoteza mwana hakutaja msiba wake. Alimwuliza mwenziwe juu ya kile ambacho bado chaweza kuokolewa. Kwa maoni yangu, hakuna jambo kubwa kuliko hilo katika kazi yake yote, hata katika Maria Braun. Baadaye aenda gerezani kumwona Ayten, na kumwambia kwamba atamsaidia kwa kuwa ndivyo binti yake alivyotaka. Kwa sehemu hii chama cha kitaifa cha wahakiki wa sinema wa Marekani kilimpa tuzo ya mwigizaji bora msaidizi wa kike wa mwaka 2008, akiwa anafikia umri wa miaka 65. Na mwaka 2010 Berlin ikampa Dubu wa Dhahabu wa heshima.

Yaliyofuata yaweza kutajwa kwa ufupi. Alikuwa katika Faust ya Alexander Sokurov mwaka 2011. Mwaka 2022 François Ozon aliitengeneza upya habari ya Petra von Kant, akamgeuza Petra kuwa mwanamume, mwongozaji wa sinema anayefanana na Fassbinder. Schygulla, aliyekuwa Karin miaka 50 nyuma, sasa akawa mama wa mwongozaji huyo. Yule aliyesemwa kuwa ameumbwa, amekuja kumzaa muumbaji wake. Ozon alifanya hivyo kwa mzaha wa upole, lakini mzaha huo una hukumu ndani yake. Na mwaka 2023, katika Poor Things ya Yorgos Lanthimos, alikuwa bibi mzee melini anayempa msichana vitabu. Sehemu ni fupi. Ila katika picha yenye kelele nyingi, yeye ndiye mtu anayeonekana kuwa amekwisha kuishi.

Basi twarudi katika swali letu. Fassbinder alimpa Schygulla mahali, na pasipo mahali hapo huenda tusingemjua. Hilo halina ubishi, na mtu asimnyime marehemu haki yake. Lakini kile kilichokaa mahali hapo hakikuwa cha Fassbinder, kwa maana kilionekana kabla yake katika picha ya Straub, kikamkataa katika Effi, kikadhoofika kwake mwenyewe katika Lili Marleen, na kikakua kikapata ukomavu miaka ishirini na mitano baada ya kufa kwake. Kitu kilichoazimwa hurudi kwa mwenyewe afapo. Hiki hakikurudi.

Mwanafunzi anayesoma mchezo, basi, asitosheke na kuuliza mtunzi amesema nini. Aulize pia mtunzi ameacha nafasi gani, na ni nani aliyeingia katika nafasi hiyo, na aliingia na nini. Maneno yana waandishi. Kimya nacho kina mwandishi wake.